Daraja la Mwangi

Mpendwa shemeji Mwangi,

Naandika nikiwa kitandani, maana pumzi hainitoshi tena hata kufika langoni. Siku hizi daktari haongei na mimi. Anaongea na wanangu. Kabla hawajamalizana, nina neno la kukuambia.

Unakumbuka asubuhi tuliyokukabidhi kazi ya daraja la waenda kwa miguu, kule mtoni chini ya Noonkopir? Mimi nilikuwa mhandisi wa serikali, wewe mkandarasi, tena mume wa dada yangu Nashipae. Ng'ambo ya mto palikuwa malisho ya Mzee Lemayian. Alikuja na wazee wenzake, akachovya nyasi kwenye kibuyu cha maziwa, akakunyunyizia mikononi. Tone likakuingia jichoni, watu wakacheka.

"Shemeji, hapo ndiyo amekubali?" uliniuliza huku ukijifuta.

"Ukishanyunyiziwa hayo, nani atakuzuia?"

Mmaasai mimi, tena msomi, nikakujibu hivyo. Mzee alikuwa amebariki mikono yako. Ardhi hakuitaja. Kuketi naye na wanawe hadi wakubaliane ilikuwa kazi yangu, nami sikuifanya.

Nguzo zako zikainuka, nzuri, wima. Ulipotaka kuvuka upande wa pili, wanawe wakajaza ng'ombe pale pale.

"Baba aliwabariki. Shamba hakuwapa," wakasema. "Rudini na mchanga wenu."

Mashine zikakaa bure juani. Ukaja ofisini kwangu, kofia mkononi kana kwamba mwenye kosa ni wewe. "Niandikie tu kwamba njia imefungwa, shemeji. Muda unaniishia."

Mkataba ulikuwa wazi, na kifungu hicho nilikiandika mimi mwenyewe: kazi ikisimamishwa na jambo lisilo la mkandarasi, mzigo ni wa serikali, naye huongezewa muda. Lakini kuandika hivyo kungekuwa kukiri kwamba nilikupeleka mahali ambapo hapajatolewa. Nilijiambia pia kwamba watasema namkinga shemeji. Kamati iliponiuliza, nikajibu, "Mkandarasi ameacha kazi." Wewe hukuwemo chumbani.

Ukavunjiwa mkataba, ukazuiwa kazi zote za umma. Hapa Kitengela, mtu akiahidi jambo asilitimize, bado anaambiwa, "Usiniletee daraja la Mwangi." Nimelisikia sokoni, nimelisikia hata kanisani. Nikanyamaza.

Krismasi ile ulinikaribisha kwako kama kawaida. Ukanivutia kiti ukasema, "Keti, mhandisi. Hiki kimemalizika." Dada yangu alicheka. Mimi na wewe hatukucheka. Hapo ndipo nilipojua kwamba unajua. Ukanikatia nyama, ukaniuliza habari za watoto, na hukulitaja tena mpaka tulipokuzika.

Mwezi huu kaunti imeitisha baraza kule mtoni, wanataka kulimalizia daraja. Mwanao Kariuki aliomba kazi hiyo, wakamwambia kampuni ya baba yake ndiyo iliyotoroka. Nilibebwa hadi pale kwenye kiti. Nikasema mbele ya watu wote, na mbele ya wana wa Lemayian, ambao sasa nao wana mvi: Mwangi hakutoroka. Njia ilifungwa, na aliyepaswa kuifungua ni mimi. Nikasema niliyoiambia kamati, na kwamba nilijua wakati ule kuwa si kweli.

Mwana mkubwa wa Lemayian akatikisa kichwa. "Sisi tulimngoja mhandisi aje tuongee," akasema. "Hatukumngoja Mwangi."

Mwenyekiti ameahidi kwamba suala lako litafunguliwa upya. Sijui kama nitaliona likiisha. Kariuki alinishika mkono, akaenda kuzitazama nguzo zako. Alizipiga kwa kiganja, moja baada ya nyingine, kama ulivyokuwa ukifanya.

Nashipae hakunikaribia hadi watu walipotawanyika. Nilidhani ataniambia asante, au atanitukana. Aliinamisha kichwa nimguse, salamu yetu ya mdogo kwa mkubwa, kisha akasema polepole, "Ungeyasema akisikia."

Ndiyo maana nakuandikia.

Ni mimi, shemeji yako, niliyeacha kazi.