Nyumba ya Mlango Mmoja

Kitale, 3 Machi 1934

Mama mpendwa,
Salamu nyingi. Mimi mzima, natumai wewe, Lenah na mtoto hamjambo. Lakini nimekasirika. Lenah mke wangu ameandika kwamba wazee walikuja na majembe wakatoboa ukuta wa nyuma wa nyumba yangu mpya, ati haina mlango wa pili. Nani amewaruhusu? Nilipokuwa mdogo nikiuliza sababu ya milango hiyo, uliniambia ninyamaze nile. Sasa mimi ni mtu mzima.
Mwanao, Jotham

Myanga, 12 Machi

Mwanangu,
Hatujambo, mtoto ameota jino. Mwalimu Mukhisa ananiandikia. Wazee niliwaita mimi. Mjukuu wangu hatalala nyumba ya mlango mmoja. Huku ndivyo tunavyojenga. Usiulize tena.
Mama yako, Nakhungu

Kitale, 9 Aprili

Mama,
Habari za tangu Pasaka? Nilifika salama. Sijutii kuuziba ule mlango nilipokuja. Ulikaa uani ukanipa mgongo, na nilipoaga hukuitika. Majirani nao walinipita kama mti. Kama ni uchawi, sema. Siwezi kutii jambo lisilo na jina.
Mwanao, Jotham

Myanga, 20 Aprili

Jotham,
Sisi wazima. Uchawi gani? Nimemwambia Mukhisa aandike yote, asipunguze.
Nilikuwa msichana mdogo. Ukoo wote tulikaa ndani ya ngome ya udongo, na ng'ombe wetu, lango moja. Wazungu walikuja na askari wao na bunduki isiyopumzika, wakaielekeza langoni. Mimi nilitoroka kupitia mfereji wa mikojo ya ng'ombe, nyuma ya ngome. Mdogo wangu Wabwile alikuwa nyuma, ameshika mguu wangu. Halafu hakuushika tena.
Tuliopona hatukukaa chini kukubaliana lolote. Kila aliyejenga alitoboa mlango wa nyuma. Na nyinyi watoto wetu mlienda kufanya kazi kwa Wazungu hao. Mngekula vipi chakula chao mkijua? Umenilazimisha. Umefurahi?
Mama yako

Kitale, 2 Mei

Mama,
Pole kwa yote. Sijafurahi. Bwana wangu, Mzungu ninayemwandalia meza, alikuwako vitani. Wageni wakija huisimulia ngome hiyo mezani, jinsi watu walivyotoka mferejini kama panya, nao hucheka. Miaka sita nimesimama nyuma ya kiti chake na bakuli la supu, nikitabasamu kwa kuwa wanatabasamu, bila kujua ni nani wanayemcheka. Yeye anasema anavyotaka, nanyi mmenyamaza! Hilo linaniuma kuliko kitu chochote.
Juzi alianza tena. Nikaweka bakuli chini, nikamwambia, "Mmoja wa hao panya ni mama yangu." Nimefukuzwa kabla hawajamaliza kula.
Usinijibu huku. Nakuja, na ukuta nitautoboa mwenyewe. Lakini siku hiyo, mbele ya Lenah na mtoto, utanitajia waliobaki mle ngomeni, mmoja mmoja, kwa sauti, hata kama majirani watakasirika.
Mwanao, Jotham