Jumapili Iliyokwama Kibanjani

Nshamba, 9 Machi 2021

Mwanangu Evelyne,

Tumsifu Yesu Kristo. Hujambo, na mumeo Kagaruki hajambo? Mimi sijambo, ila magoti. Simu zangu umezifungia, basi barua hii anakuletea Dativa, anayekuja kuuza parachichi huko kwenu Nshambya, Bukoba.

Ulisema Jumapili utakuja mpatane na baba yako. Hukuja. Alikwenda kukungoja mwisho wa kibanja, kule migomba yetu inakoishia, na kahawa za kutafuna mfukoni, akiapa harudi ndani mpaka ufike. Unamjua. Ukungu ukamshukia palepale, ule ambao bibi yako alituonya kwamba saa ikiingia humo inalala. Namwona amekaa kwenye jiwe. Sigara aliyoiwasha Jumapili haijafika nusu. Mbuzi wa jirani Mujuni aliingia jana akiwa ameinua mguu, mpaka sasa hajaukanyaga chini.

Nimemwita mpaka sauti imekauka. Bibi yako alisema anayesikika humo ni mtoto wa damu tu. Waitu, nakusihi, njoo umwite mara moja.

Mama yako,
Klaudia


Nshambya, 30 Mei 2021

Mama mpendwa,

Bwana Yesu asifiwe. Ndiyo, nasalimia Kilutheri, ndiko nilikoolewa. Shikamoo. Sisi wazima, magoti yako nayapa pole.

Jumapili ile nilifika mpaka Muleba. Pale stendi nikaikumbuka siku ya kujitambulisha, baba alivyoipokea kahawa ya kutafuna ya wakwe zangu akaimwaga chini mbele ya wageni. "Kahawa ya Walutheri haipiti kooni mwangu." Baba mkwe aliinama akaziokota zile punje, moja moja, mzee wa watu. Nikapanda basi la kurudi Bukoba.

Mwache akae. Si umesema kwake ni dakika tu? Mimi na aibu ile tuna miaka miwili, na hakuna aliyekuja kuniita.

Mwanao,
Evelyne


Nshamba, 14 Novemba 2022

Evelyne,

Salamu utazikuta hapa ukija. Afya usiniulize.

Kahawa nimevuna peke yangu misimu miwili. Migomba imeanguka, paa la jiko linavuja, na baba yako anapuliza moshi uleule. Unadhani unamwadhibu yeye? Kwake bado ni Jumapili! Ninayezeeka kwa hasira zenu ni mimi, mimi ambaye sikumwaga kahawa ya mtu. Nimechoka kuwa mjane wa mtu ninayemwona. Wewe na yeye vichwa vyenu ni jiwe moja lililopasuliwa, na kila kipande kinaniangukia mimi.

Kifua kinanibana. Nimekwambia.

Mama yako


Nshambya, 3 Januari 2023

Mama,

Shikamoo. Nimelia, lakini hasira haijaisha, sitakudanganya. Nitakuja Pasaka. Si kwa ajili yake, ni kwa ajili yako. Dawa ya kifua nimempa Dativa. Usibebe maji, tafadhali.

Mwanao,
Evelyne


Nshamba, Jumapili, 7 Machi 2021

Evelyne,

Hujambo. Nakuuliza kwa sababu ndiyo desturi.

Dativa amesimama hapa, anasema tarehe niliyoandika siyo, kwamba tuko Julai 2023. Siifuti. Kwangu ni Jumapili.

Nilikuwa nimekaa kwenye jiwe. Nikasikia sauti yako ikilia, "Mama! Mama!" Nikainuka mbio. Ni hatua kumi tu mpaka nje, wala sikugeuka kuokota kofia, kumbe huku kwenu ilikuwa miezi mitano. Natoka, nakuta kaburi kando ya nyumba, na majani yameshaota juu yake. Naambiwa mlizika Februari.

Ulisimama pale ukiniona. Ukamlilia mama yako mpaka nikakusikia ndani ya ukungu, na kuniita mimi "Taata" mara moja kukakushinda! Ungesema akiwa hai ningemuuguza kwa mikono yangu. Asubuhi nilimwambia aweke ndizi jikoni, narudi sasa hivi.

Kahawa ya wakwe zako niliimwaga mimi. Nilijua nimekosa hata kabla ya ile ya mwisho kufika chini, ila mdomo haukukubali. Nilikuwa nakungoja nikwambie hayo. Nisingekaa kule bure.

Nimekasirika, mwanangu, sijawahi kukasirika hivi. Sijui hata nianze na nani, wewe au mimi. Dativa anakuletea zile kahawa nilizokuwekea mfukoni. Mpelekee baba mkwe wako. Akizimwaga chini mbele ya watu, ni haki yake, nitakuja kuziokota.

Kisha uje tugombane. Aliyekuwa akitusikiliza sote wawili hayupo, sina mwingine wa kumpigia kelele. Ukungu bado uko palepale, lakini kule sirudi. Nakungoja jikoni. Jikoni saa inatembea, kwa hiyo usichelewe.

Baba yako,
Kahangwa