Nebula ya Hudhurungi

Kwako mdogo wangu mpendwa,

Swali lililonisumbua kwa miaka mingi ni hili: je, mtu anaweza kusema uongo kuhusu kitu ambacho hakijawahi kuwapo? Nililiandikia tasnifu nzima chuoni, nikasifiwa, na bado sina jibu ninaloweza kuliapia. Lakini nitangulize salamu, maana marehemu baba angeniuliza nimelelewa na nani. Hujambo? Wifi na watoto hawajambo? Na jicho lile lililorukiwa na cheche, limepona, au bado unachomelea mageti bila miwani kwa ukaidi wetu wa ukoo? Mimi ni mzima, ila mgongo, unaolalamika kuliko mwenyewe.

Wiki hii nimeshinda siku tatu katika ofisi ya mchapishaji, kwenye kile wanachokiita, bila haya, Kamati ya Ulimwengu. Riwaya saba za baba sasa zinatolewa atlasi yenye jalada gumu, na mimi, niliyeachiwa ramani yake ya ulimwengu aliouzua, ndiye wa kutia sahihi. Mhariri mkuu, tunayemwita Profesa kwa sababu ya mvi zake na si kwa sababu nyingine yoyote, alitueleza kwa saa nzima kwamba Nebula ya Hudhurungi, lile wingu la vumbi la angani katikati ya ramani, ni majonzi ya mwandishi kwa kufiwa na mkewe. Nilimkumbusha kwamba nebula hiyo imo tangu kitabu cha kwanza, mama akiwa hai na akimfokea baba kutwa kwa kumaliza karatasi zote za nyumba. Akajibu, bila kupepesa, kwamba majonzi ya msanii hutangulia msiba.

Mtu wa mauzo yeye aliuliza kama haiwezi kusogezwa vidole viwili kushoto, kwani pale ilipo inaangukia kwenye mshono wa kitabu na nusu yake italiwa na gundi. Nebula ambayo hakuna chombo kilichothubutu kuingia, ambayo falme mbili ziliizunguka kwa miaka arobaini zikiogopana, isogezwe kwa ajili ya gundi! Mchoraji naye alitaka kuipaka zambarau, akidai hudhurungi haiuzi. Nikamwuliza kama giza la angani nalo atalitafutia rangi ya kuuza. Wakacheka, wakidhani natania. Niliwadharau wote wanne, akiwemo karani aliyekuwa akiandika upuuzi ule kwa hati nzuri, na sitakuficha kwamba dharau ile ilinipa raha.

Kisha Profesa akatoa maelezo yatakayochapishwa kando ya nebula. Unayajua. Ni kile kisa alichokuwa akikisimulia baba kila alipokutana na wasomaji: jinsi ramani ilivyokuwa imetandazwa mezani, mwanawe wa kiume akamwaga chai, doa likaenea katikati ya falme mbili, na kwa kuwa baba alikuwa na kanuni kwamba kilichokwisha kuingia kwenye ramani hakifutwi bali hutafutiwa sababu, akalichorea kingo na kuliita nebula. Watu hucheka hapo. Profesa hakusahau kuweka lile jina la utani, Bwana Mwaga. Akaniuliza pia kama Bwana Mwaga hangekubali kuja kwenye uzinduzi, amwage kikombe kimoja jukwaani, watu wafurahi. Nikamwambia kwamba Bwana Mwaga ana kazi ya maana.

Baba alikifanya kichekesho, lakini mlango wa chumba cha ramani ulifungwa kwako siku ileile. Wewe uliyekuwa ukimchongea penseli na kumpelekea chai, uliyeweza kuutaja kila mji wa kila sayari, ukaachwa koridoni ukiwa na miaka minane. Kiti chako nikapewa mimi, wa miaka kumi na miwili. Kiti hicho kilinipeleka chuo kikuu, na ndicho ninachokikalia ninapowacheka akina Profesa.

Mdogo wangu, chai ile niliimwaga mimi. Ulikuwa umetoka kutupa maganda ya penseli. Niliingia kuona ni utamu gani mliokuwa mkinificha humo, kiwiko kikagonga kikombe. Nilijaribu kuzuia maji kwa mkono, nikashindwa, nikatokea mlango wa jikoni. Uliporudi baba alikukuta umeshika kitambaa. Uliapa hukugusa kitu. Kisha, kwa kuwa ulikuwa mtoto mwaminifu, ukasema labda ulikiweka kikombe ukingoni. Ndipo nikaja mbio, nikiuliza kumetokea nini.

Hakuna mjumbe wa kamati ile aliyefanya jambo la kudharauliwa kuliko hilo.

Maelezo ya Profesa nimeyakataa. Nimeandika yangu, mistari minne, yenye kosa langu mahali pa jina lako, na jana yalikwenda mitamboni. Profesa amesikitika kwamba kisa kimepoteza ucheshi wake.

Linalobaki ni hili. Pembezoni mwa doa pana alama ndogo ya hudhurungi ambayo baba aliigeuza kundi la nyota na kuliita Dada. Juzi niliitazama kwa kioo cha kukuzia. Ni alama ya kidole, na kidole chenyewe ni kidogo. Je, aliijua, akanyamaza, akaendelea kukucheka mbele za watu? Au alipenda jina tu? Nimejenga hoja kwa pande zote mbili, na zote zinasimama. Siwezi kuamua, kwa sababu aliyejua amekufa, na aliyebaki kuamua ndiye mwenye kidole.

Ndani ya bahasha hii mna ufunguo wa chumba cha ramani. Penseli zake zote ni butu. Sikuwahi kujifunza kuzichonga.

Nisalimie wifi, uwapakate watoto kwa niaba yangu, na uvae miwani.

Ni mimi, dada yako,
mtoka mlango wa jikoni