Ulimwengu wa Pili Uko Mandewa

Zaina mdogo wangu,

Hujambo huko Tabora? Mimi mzima, ila upepo wa Singida umenivua mtandio mara tatu.

Nimefika kwa mumeo Idi, mtaa wa Mandewa. Jarida lake la kitaalamu la ramani za ulimwengu sambamba, ule wa pili ulio kando ya huu wetu, lipo kweli. Siku hizi si kila kitu ruksa? Lina kurasa nane. Mhariri ni Idi, mtafiti ni Idi, na barua za wasomaji wanaomsifu zina makosa yale yale ya Idi. Ndiyo kazi iliyomzuia kurudi nyumbani mwaka mzima, maskini.

Mlango alinifungulia binti mwenye mimba kubwa. Akapiga goti: "Shikamoo wifi! Idi alisema dada yake wa Tabora anakuja."

Wifi! Mimi, dada yako wa tumbo moja, nimegeuzwa dada wa Idi. Nikaitikia marahaba, nikala kuku wake wa kienyeji na ugali wa uwele. Anakushinda kupika, samahani.

Nilipomaliza kunawa nikamgeukia Idi, nikasema kwa upole, "Kaka, katika ramani zako zote, Zaina umemchora wapi?"

Idi akababaika. "Shemeji, nitakueleza..."

Shemeji! Binti akatua bakuli chini polepole. Akaniuliza, "Zaina ni nani?"

Nikamwambia. Kwa hiyo sasa ulimwengu umebaki mmoja tu, na profesa kakosa pa kukaa.

Usilie kabla sijafika. Nakuletea kuku, tulie tukiwa tumeshiba.

Dada yako, si wa Idi,
Mwajuma