Mtumbwi Uliomezwa na Bonde la Swima

Swima, Fizi
Tarehe 2 Desemba 1999

Mpendwa mdogo wangu Placide,

Salamu nyingi kutoka kwetu wote tuliobaki upande huu wa ziwa. U mzima? Kile kikohozi ulichoondoka nacho kimekuacha? Huko Tanzania, kambini Lugufu, mnapata maji bila kupanga mstari tangu asubuhi? Na mguu wa dada yetu Constance, bado unavimba?

Sisi tuko hai. Kwa mwaka huu hilo ni jibu kamili. Anayetaka zaidi awaulize wale waliotia sahihi karatasi za amani kule Lusaka mwezi wa saba, wakapigwa picha, wakarudi hotelini kula. Karatasi zao hazijafika Swima. Risasi ndizo zinazofika, na hazikosi njia.

Barua hii anakuletea binti yako Solange. Mama yake ataishonea ndani ya pindo la gauni. Kwa hiyo kama unaisoma, basi mkeo Florentine na watoto watatu wamefika, na wewe unajua jambo ambalo mimi ninayeandika silijui. Kama hawakufika, hakuna atakayeisoma. Nimekaa na wazo hilo tangu asubuhi, nisamehe mwandiko.

Nina neno baya, na nitalisema kabla sijapata nafasi ya kulipamba, kwa sababu unajua ninavyoweza kupamba. Mtumbwi wako haupo. Haukuibwa wala haukuchomwa moto. Niliupoteza mimi, ndugu yako mkubwa, kwa ubishi.

Mwezi wa kumi askari walioko Baraka walitoa amri kwamba kila mtumbwi upelekwe bandarini kuandikishwa. Tulijua maana yake. Mtumbwi unaoandikishwa unapandwa na watu wa bunduki, na mwenye mtumbwi anapewa kasia ili awavushe. Basi watu wakafanya kama wazee wetu walivyofanya kila vita ilipokuja: wakaipakia mitumbwi mawe, wakaizamisha karibu na matete, waitoe siku mambo yakitulia. Lakini safari hii mtu alitusema. Askari walikuja na miti mirefu wakawa wanachoma maji kama mama anayechoma viazi kwa kijiti kuona kama vimeiva. Siku moja walipata mitumbwi mitatu. Wenye mitumbwi hiyo walipigwa mbele ya wake zao.

Ndipo tukakutana ufukweni kushauriana, na mimi nikasimama. Nilisema tuizamishe mbele ya mdomo wa mto, pale maji yanapogeuka meusi ghafla, ambapo mti wa askari haufiki chini. Ukingoni pale pana pima tano, kisha chini kunashuka korongo kubwa linaloelekea katikati ya ziwa. Wazee wakakataa. Walisema maji yale yanakula nyavu. Nikawacheka. Nikawafungulia kile kitabu changu kikubwa cha jiografia, kile nilichokiokoa shule ilipoporwa, nikawafundisha kama darasa la sita.

Niliwaambia hivi. Zamani sana ziwa letu lilikuwa chini, mamia ya mita chini ya hapa tunapoliona leo, na mto wetu ulikuwa mrefu zaidi: uliendelea kushuka kule ambako sasa ni maji, ukikata mwamba na kuchimba bonde. Kisha ziwa likapanda, likalifunika bonde. Nikasema baharini ni vivyo hivyo: kwenye kingo za mabara, mahali nchi kavu inapoisha na kina kinapoanza, kuna mabonde makubwa chini ya maji, na wataalamu wengine husema ni mito ya enzi ambazo bahari ilikuwa imeshuka. Kwa hiyo, nikamaliza, pale si mdomo wa jini. Ni kaburi la mto, na aliyekufa hali wavu.

Mama Dorothée, yule mchuuzi wa visamaki vya ndagala anayekaa nyuma ya kapela tunaposali, ndiye peke yake aliyenijibu.

"Mwalimu, ile kitabu yako haiyaingiaka mu mayi hata siku moja. Siye tunaingiaka kila siku."

"Mama Dorothée," nikamwambia, "ukipata samaki anayejua kusoma, mlete, nitabishana naye."

Watu walicheka sana. Ee, mdogo wangu, nilikipenda kicheko kile.

"Mucheke tu," akasema. "Ile mayi ikishika kitu, haiulizaka ni ya nani."

Akaondoka na kapu lake. Nilishinda. Ushindi wangu ulikuwa kwamba Isidore, jirani yako, alikubali kuuweka mtumbwi wake pale pamoja na wako. Tuliipeleka ukingoni, tukaijaza mawe, tukaifunga kwa kamba kwenye jiwe kubwa la pwani, kamba yenyewe tukaifukia mchangani. Moteri yako, ile injini ya mtumbwi, sikuizamisha. Niliifunga kwa turubai nikaizika katika shamba la muhogo. Namshukuru Mungu kwamba sikuwa na kitabu cha moteri.

Wewe ulinionya mapema zaidi ya Dorothée. Unakumbuka wavu wako uliopotea pale mwaka ule wa mvua kubwa, ukaja kuonekana mbali sana huko upande wa rasi ya Ubwari, umejaa matope na majani ya migomba? Uliniambia, "Yaya, kaka yangu, maji yale yanapumua." Nami nikakuambia kwamba maji hayana mapafu. Nilidhani nimejibu.

Mvua ilianza milimani tarehe 22 mwezi uliopita. Hapa Swima hakukunyesha hata tone. Jua lilikuwa kali, watu walikuwa wakianika samaki. Zamani tungejua. Kila msimu wachungaji wa Minembwe, kule juu milimani, walipokuwa wakishuka na ng'ombe wao, yule Éliezer rafiki wa baba alikuwa akipita kwetu kunywa maji na kusema, "Juu imenyesha siku mbili, ondoeni vitu mtoni." Tulikuwa tukimpa samaki, naye anatuachia siagi. Mwaka huu hakuna aliyeshuka, wala hakuna aliyepanda. Njia imefungwa kwa bunduki, na pia kwa maneno. Baadhi ya maneno hayo ni yangu. Zile karatasi nilizoandika mwaka jana, zilizobandikwa sokoni, kwamba watu wa juu wakae juu: uliniomba nisiziandike, nikakuita mwoga. Nilikuwa na hasira ya kweli juu ya mambo ya kweli, lakini niliimwaga kwa mzee ambaye kosa lake lilikuwa kutuambia habari za mvua.

Alfajiri ya tarehe 24 mto ulishuka. Ulikuwa mwekundu na mzito, ukiviringisha mawe. Ulikuwa ukisikika hadi kapela. Ulipofika ziwani niliona kitu ambacho nimekiona maisha yangu yote bila kukitazama: ule wekundu haukutandaa juu ya ziwa. Ulifika pale penye maji meusi ukaingia chini, kama mtu anayeshuka ngazi. Juu maji yakabaki safi.

Nilikimbilia jiwe la pwani. Kamba ilikuwa imekazwa kama uzi wa ngoma. Nikaishika, ikatetemeka mkononi mwangu, halafu ikalegea. Niliivuta yote. Mwisho wake ulikuwa umenyofoka.

Maji yalipotulia nilikwenda na mtumbwi mdogo wa kuazima, nikashusha jiwe kwenye kamba, mahali palepale palipokuwa na pima tano. Nilishusha kumi, ishirini, arobaini. Kamba ilikwisha, na jiwe halikugusa kitu. Ukingo wenyewe ulikuwa umebomoka ukaondoka na mitumbwi yote miwili.

Sasa sikia aibu yangu yote. Nilirudi nyumbani nikafungua kitabu. Maelezo niliyowasomea watu yako ukurasa wa 212. Sikuwa nimeusoma wa 213, kwa sababu wa 212 ulikuwa umekwisha kukubaliana nami. Ukurasa wa 213 unasema kuna kundi jingine la wataalamu linalokataa habari ya kaburi. Wanasema maji yaliyobeba matope ni mazito kuliko maji safi. Yakipewa mteremko hukimbia chini ya bahari kama mto ndani ya maji, huku yakikwangua sakafu, na kingo zikizidiwa na mzigo huporomoka, na kila poromoko hulisogeza bonde nyuma, kuelekea nchi kavu. Na mfano wanaoutoa, Placide, si wa Ulaya. Ni wa Kongo! Mbele ya mdomo wa Mto wetu mkubwa, kule Atlantiki, kuna bonde ambalo linaanzia ndani ya mdomo wenyewe na kwenda mamia ya kilomita chini ya bahari. Wazungu walilaza nyaya za simu juu yake, na mto ulipofurika zilikatika. Wakazitengeneza, zikakatika tena. Mwishowe inaelekea makundi yote mawili yana sehemu ya haki: mto wa kale unaweza kuanza kazi, na matope yakaiendeleza hadi leo. Mimi nilichagua nusu iliyonifaa kwa ubishi, nikazika mtumbwi wako ndani ya nusu nyingine.

Sikutaka kuamini hata hapo. Nilichukua beseni la Florentine, nikaliinamisha, nikatia maji safi, kisha nikamimina polepole pembeni maji ya udongo mwekundu. Watoto walikuwa wamechuchumaa pande zote. Udongo uliteleza chini kabisa, ukafika mwisho wa beseni, na juu yake maji yalikuwa bado meupe.

"Baba mukubwa, ona, iko natembea chini!" Solange akasema.

Florentine alikuwa amesimama mlangoni na mtoto mgongoni. "Shemeji," akaniuliza, "njo vile ilibeba mutumbwi ya bwana yangu?"

Nilisema ndiyo, hivyo ndivyo. Hakunitukana. Alichukua beseni lake, akalimwaga, akaliosha.

Isidore hasemi nami, na ana haki. Nimeanza kumchongea mtumbwi pamoja na fundi wa hapa. Mikono yangu ya chaki imepasuka yote. Lakini mtumbwi huo hautakuwa tayari kabla ya mwezi wa pili, na mapigano yameshafika kando ya Baraka. Juzi tulisikia silaha kubwa mchana kutwa. Florentine hawezi kungoja mti ukauke.

Ikabidi niende kwa Mama Dorothée. Unajua alikuwa ameuficha wapi mtumbwi wake mkubwa? Hakuuzamisha. Aliung'oa ubao kwa ubao, akazipigilia mbao ziwe kichanja cha kuanikia ndagala, nje ya nyumba yake, mbele ya macho ya kila mtu.

"Askari bakakuja," akaniambia. "Nikabakaribisha bakae. Bakakaa juu ya mutumbwi yangu, banauliza mutumbwi iko wapi."

Ana mtumbwi lakini hana moteri. Mimi nina moteri yako. Nilidhani hilo litatosha. Akatikisa kichwa, akataka mambo mawili zaidi. La kwanza, nikuandikie kwa mkono wangu jinsi ilivyokuwa, nisipunguze, na Florentine aisome kabla haijashonwa. La pili, kitabu changu nacho kisafiri mtumbwini. "Kiende kionje mayi," akasema, na safari hii nilicheka mimi.

Mbao zinaunganishwa leo, ndani ya nyumba, na watoto wanaimba tenzi kwa sauti ili nyundo isisikike. Pamba ya kuziba imetoka kwenye godoro langu. Wataondoka kesho kabla ya jua, wapite mbali na ncha ya Ubwari, kwa kuwa boti ya doria hujificha nyuma yake. Nafasi ni tisa na mimi si wa tisa. Dorothée alinipa nafasi, nikampa mama mmoja wa Lulimba aliyefika hapa na mapacha. Usinisifu. Mtu aliyezamisha mtumbwi hapaswi kuwa wa kwanza kupanda mwingine, na Isidore anangoja wake.

Florentine amemaliza kuisoma hadi hapa. Amesema niongeze kwamba silali, na kwamba nimekonda. Nimeongeza.

Nisalimie dada Constance, na shemeji Espérance, na mzee Jérémie ambaye najua atacheka akisikia haya, mwache acheke. Mungu wa baba zetu, aliyewavusha wengine pakavu, awavushe hawa hata wakiwa wamelowa.

Neno la mwisho. Mama Dorothée atakaa Kigoma siku chache kutafuta chumvi, kisha atarudi. Kitabu mpe Solange, ni chake sasa. Lakini kwanza kifungue, hata kama kimelowa na kurasa zimegandana. Chana ukurasa wa 213 umpelekee Dorothée aniletee. Usiandike kitu juu yake. Kila siku nitakuwa pale penye jiwe la pwani. Nikiushika mkononi ukurasa ule nitajua wamefika, na nitausoma mbele ya watu wote wa Swima, kuanzia mstari wa kwanza hadi wa mwisho.

Ni mimi nduguyo, nikupendaye kuliko ninavyopenda kushinda,

Bonaventure