Uwanja Uliofagiwa Kizingo

Alhamisi. Joto la kaskazi limekaa, hakuna upepo hata wa kutikisa pazia, na moyo wangu haujatulia tangu asubuhi.

Nimekosea kazi, na kosa lenyewe ni la kijinga.

Jumatatu nilikwenda Kizingo kukagua kama kuna wanyama katika kiwanja kinachotakiwa kujengwa ghorofa. Ipo miti miwili mikubwa ya mikungu itakayokatwa. Mchana popo hawalali kwenye miti kama hiyo. Huja usiku kula kungu, matunda yake, kisha huondoka. Ndiyo maana sisi hatukeshi tukiwahesabu, twaangalia chini: makapi yaliyotafunwa, kinyesi. Ni njia ya haraka, na mimi ndiye niliyeisifia kwa Bwana Kioko, mkuu wangu, mpaka akaikubali. Chini ya mikungu ile sikuona hata kapi moja. Nikaandika: hakuna dalili ya wanyama.

Leo asubuhi nimemwona mama akifagia uwani kwetu, Kibokoni, kabla hata hajanywa chai. Nikashika kichwa. Mimi niliyelelewa na ufagio wa alfajiri nimeona uwanja msafi wa watu, nikadhani hauna popo.

Nikakimbilia Kizingo. Uwanja umeshafagiwa, na taka zimeshachomwa. Nikamwomba Bi Nuru, mama mtu mzima anayeishi pale, kesho wasifagie mpaka nifike nipige picha.

"Mwanangu, uwanja ukikaa na taka, wapitao watanena n'mekufa," akasema. Hakukataa, hakukubali. Akaniletea maji ya ndimu.

Nikampigia simu Bwana Kioko kumwambia ile sentensi ifutwe.

"Picha iko wapi?"

Sina. Na ripoti inapelekwa kesho ofisi zikifunguliwa. Ikishapokelewa hivyo ilivyo, mikungu imekwisha. Nikamwambia sitaweza kutia saini jambo nisilolijua. Akanijibu kwa upole, na upole ule ndio ulionitisha: "Usipotia wewe, yuko atakayetia."

Naogopa. Kazi hii niliisaka mpaka viatu vikaisha soli, na nyumbani wananitegemea. Najaribu kujiambia ni popo tu, wachafuzi wa magari ya watu, nani atawalilia.

Siamini ninachojiambia.

Kesho nikishaswali alfajiri, inshallah, nitakuwa langoni kwa Bi Nuru. Nikiwahi, picha itanisemea. Nikikuta ufagio umenitangulia, saini sitii.

Yuko atakayetia? Basi na atie huyo, kwa jina lake.