Macho ya Clémence

Jumanne, 1 Machi 1853
Nisamehe, daftari, wiki tatu sijakufungua. Kila nikishika kalamu kichanga changu Léonce anataka kunyonya, na mimi nalia naye. Basi niandike, yaishe: Clémence wangu hayupo tena. Dondakoo. Siku nne tu.

Mume wangu Anselme alifika siku ya maziko, buti zimejaa chokaa. Kabla jeneza halijafungwa akampaka mtoto plasta usoni, ile chokaa laini inayoganda, akachukua sura yake. Nikadhani ni ya kutuwekea nyumbani. Kumbe! Kesho yake akarudi nayo Vaubrel, kwenye kanisa analolijenga upya mwaka wa sita sasa. Clémence atakuwa malaika wa jiwe, kasema, juu kabisa mnarani. Nani atamwona huko? Njiwa?

Alhamisi, 3 Machi
Mzee Fulbert, mchonga mawe wao, kapita akienda sokoni. Nimempa supu ya vitunguu. Sura ipo, kasema, ila kaitia misalaba ya penseli mashavuni, ya kupimia. Jiwe likishapanda mnarani, plasta huvunjwa kwa nyundo. Ndiyo desturi yao, uso usije ukachongwa mara mbili.

“Hata huu, mzee?”

“Hata wa askofu, mama!”

Akacheka. Eti bwana Anselme analijua kila jiwe kwa jina, watu ndio humpotea. Hakujua amenichoma.

Jumatatu, 7 Machi
Barua ya Anselme. Kurasa mbili za mnara na mvua. Mwishoni, mistari mitatu: plasta ina macho yaliyofumba, na malaika lazima atazame chini. Fulbert anauliza macho ya mtoto yalikuwaje, nami sikumbuki vizuri. Niandikie upesi, jiwe linapanda Jumamosi.

Hakumbuki! Macho ya mwanawe!

Nilitaka kuitia motoni. Halafu nikaona wino umechuruzika pale kwenye jina la Clémence — nikaikunja, nikaiweka.

Jumanne, 8 Machi
Ninayajua. La kushoto lilikuwa likifumba kidogo akicheka. Lakini sitayatoa bure. Gari la barua linapita saa sita. Naandika hapa kwanza nisije nikalegea. Aniletee kabla ya Jumamosi:

— sura ya plasta, nzima, nyundo isiiguse
— misalaba ya penseli isifutwe, mashavu yasisuguliwe
— kofia ya bluu ya mtoto aliyoondoka nayo mfukoni, akidhani sikumwona
— na aje yeye mwenyewe. Mchana mmoja tu. Léonce akiwa macho, ayatazame macho yake